Pombe na Dawa Rhotia: Onyo Lililokaa Pasipo Pake

Mtu wa Rhotia akienda kung'oa jino, mara nyingi hurudi nyumbani na bahasha tatu. Ya kwanza ina amoksisilini, ya pili metronidazoli, ambayo wengi wanaijua kwa jina la Flagyl, na ya tatu ina diklofenaki ya kutuliza maumivu. Juu ya kila bahasha pameandikwa kwa kalamu 1×3 au 1×2, na kabla hajatoka ataambiwa: usinywe pombe. Akiuliza ni kwa ajili ya dawa ipi, atajibiwa kwamba ni Flagyl. Hapo ndipo penye kasoro. Kati ya dawa hizo tatu, ile inayotajwa ndiyo ambayo ushahidi dhidi yake umetetereka, na ile inayoweza kumvujisha damu tumboni inapita bila kusemwa neno.

Onyo la kutochanganya dawa na pombe ni la kweli na limeokoa watu. Lakini likitolewa kwa kila dawa, kwa maneno yaleyale na bila sababu, huzaa madhara mawili. La kwanza, huzificha dawa zenye hatari kubwa katikati ya zile zisizo na neno. La pili ni zito zaidi: mgonjwa wa dawa za muda mrefu, akilazimika kuchagua kati ya kidonge na kikombe, huacha kidonge.

Kata iliyo njiani

Rhotia iko katika Wilaya ya Karatu, juu ya ukingo wa Bonde la Ufa, kando ya barabara ya lami inayotoka Mto wa Mbu kwenda lango la Ngorongoro. Wenyeji wake wengi ni Wairaqw, wakulima wa mahindi, maharage, ngano na mbaazi, na wafugaji. Vijana wengi hupata vibarua kwenye mashamba ya kahawa, katika hoteli za watalii na kwenye bodaboda.

Pombe imo katika maisha hayo yote. Kuna buura, pombe ya nafaka inayopikwa nyumbani kwa ajili ya harusi, mavuno na vikao vya wazee. Kuna bia za baa za barabarani. Kuna pombe kali: viroba vilipigwa marufuku nchini kuanzia Machi 1, 2017, lakini kinywaji kilichokuwa ndani yake kikahamia kwenye chupa ndogo. Na kuna gongo, ambayo sheria haiiruhusu na ambayo hakuna anayejua ina kilevi kiasi gani, wala kama ina methanoli ndani yake.

Dawa nazo haziko mbali. Kuna kituo cha afya Rhotia kwenyewe, hospitali ya Kilutheri na ile ya FAME huko Karatu, na maduka ya dawa muhimu, ambayo mpango wake ulianzia Ruvuma mwaka 2003 ili kuchukua nafasi ya yale ya dawa baridi. Kwa hiyo mtu mmoja anaweza kununua vidonge vya mgongo saa kumi jioni na saa moja usiku akawa amekaa kilabuni. Swali la pombe na dawa kwake ni swali la kila juma.

Pombe inavyopita mwilini

Ini ndilo linaloshughulikia sehemu kubwa ya pombe, na hufanya kazi hiyo kwa hatua mbili. Kwanza kimeng'enya kimoja hugeuza kilevi kuwa asetaldehaidi, ambayo ni sumu. Kisha kimeng'enya cha pili huigeuza sumu hiyo kuwa asidi isiyodhuru. Kazi hii ina kasi yake, na chai ya rangi, supu au kuoga maji baridi haviiharakishi. Bia ya mililita 500 yenye kilevi cha asilimia 5 hubeba takriban gramu 20 za kilevi, na mtu mzima wa kawaida huondoa kama gramu 7 hadi 10 kwa saa. Aliyekunywa bia nne jioni anahitaji saa nane hadi kumi na moja kuzimaliza. Dawa anayomeza alfajiri inakutana na pombe ya jana.

Kukutana huko kunaweza kuleta madhara kwa njia kadhaa. Dawa inaweza kuziba hatua ya pili, sumu ikajaa. Inaweza kuungana na pombe kuzimisha ubongo. Vyote viwili vinaweza kulichosha ini, au kuumiza utando wa tumbo, au kushusha sukari na presha. Na pombe inaweza kuifanya dawa itoke mwilini mapema kabla haijamaliza kazi. Anayezitambua njia hizi atajua mwenyewe ni dawa gani ya kuogopa na kwa nini.

Onyo la Flagyl lilitoka wapi

Njia ya kwanza, ya sumu kujaa, ndiyo maarufu kuliko zote, na ina historia yake. Mwaka 1937 daktari mmoja wa Marekani aliripoti kwamba wafanyakazi wa kiwanda cha mpira waliokuwa wakishika kemikali za jamii ya disulfiramu walishindwa kabisa kunywa pombe: walipojaribu, walijisikia vibaya. Miaka michache baadaye huko Copenhagen, watafiti Jens Hald na Erik Jacobsen walikuwa wakiichunguza disulfiramu kama dawa ya minyoo. Waliimeza wenyewe kuijaribu, kisha wakaona kwamba kila walipokunywa kilevi nyuso zao zilikuwa nyekundu, mioyo ikaenda mbio, wakapatwa na kichefuchefu. Walichapisha matokeo yao mwaka 1948, na dawa hiyo ikaingia katika tiba ya ulevi kwa jina la Antabuse.

Disulfiramu hukizuia kile kimeng'enya cha pili. Asetaldehaidi huendelea kutengenezwa bila kuondolewa, kama maji ya mfereji uliozibwa mkondo wa chini huku lango la juu likiwa wazi. Mgonjwa hutapika, kichwa humgonga, presha hushuka, na kwa mtu mwenye moyo dhaifu inaweza kuwa mauti. Zipo dawa nyingine zinazofanana nayo: klorpropamidi ya kisukari iliyotumika zamani, baadhi ya sindano za jamii ya sefalosporini, na griseofulvini inayotibu fangasi wa kichwani.

Metronidazoli iliwekwa katika kundi hili mapema. Ilianza kutumika karibu na mwaka 1960 kutibu trikomonasi, ugonjwa wa zinaa, na mwaka 1964 daktari mmoja wa Marekani aliandika kwamba wagonjwa wake walipoteza hamu ya pombe walipoitumia. Madaktari wengine wakaijaribu kama tiba ya ulevi, zikaongezeka taarifa za mgonjwa mmoja hapa na mwingine kule, na onyo likaandikwa kwenye karatasi za maelezo ya dawa: usinywe pombe wakati wa dozi wala siku moja hadi tatu baada ya dozi.

Ushahidi wenyewe ni mwembamba. Mwaka 2002 watafiti wa Finland walichapisha jaribio la wanaume 12 wenye afya, nusu wakipewa metronidazoli na nusu kidonge kisicho na dawa, kisha wote wakapewa kilevi. Asetaldehaidi katika damu haikupanda kwa waliomeza metronidazoli, na hawakuonyesha dalili zozote zaidi ya wenzao. Mwongozo wa magonjwa ya ngono uliotolewa mwaka 2021 na CDC, kituo cha Marekani cha kudhibiti magonjwa, ukaeleza kwamba metronidazoli haikizuii kile kimeng'enya cha pili, na kwamba si lazima kuacha pombe kwa ajili yake.

Jaribio la watu 12 ni dogo, na maelezo yaliyomo kwenye pakiti bado yanakataza. Metronidazoli peke yake huleta kichefuchefu na ladha ya chuma mdomoni, na pombe huzidisha adha hiyo. Kwa dozi ya siku tano au saba, kukaa bila pombe ni gharama ndogo, na anayelifuata onyo hapotezi kitu. Anayepoteza ni yule anayekatisha dozi ya amiba siku ya tatu kwa sababu kuna harusi, vimelea vikabaki tumboni mwake, naye akaamini amefanya la busara.

Dawa zinazopita kimya

Turudi kwenye ile bahasha ya tatu. Diklofenaki, ibuprofeni na aspirini hupunguza maumivu kwa kuzuia kemikali zinazoleta uvimbe, lakini kemikali za jamii hiyohiyo ndizo zinazoutunza utando wa tumbo. Utando ukikosa ulinzi, asidi huula. Pombe nayo huuchubua. Kibarua aliyeinama siku nzima akichuma kahawa hununua diklofenaki ya mgongo bila cheti, humeza tumbo likiwa tupu na jioni hukata kiu kwa gongo. Huyo anajitengenezea kidonda. Akitapika damu, au kinyesi kikiwa cheusi, ni wa kukimbizwa hospitali saa hiyohiyo. Mara ngapi muuzaji amempa bahasha hiyo bila kumwambia hivyo?

Parasetamoli ina sura mbili. Kidonge kimoja au viwili kwa mtu aliyekunywa bia moja kwa nadra si jambo la kutisha. Hatari iko kwa mnywaji wa kila siku, hasa asiyekula vizuri. Ini lake hugeuza sehemu kubwa zaidi ya dawa hiyo kuwa sumu, na akiba ya glutathioni, ambayo ndiyo huitegua sumu hiyo, imekwisha. Marekani iliamuru mwaka 1998 kwamba dawa za maumivu zinazouzwa bila cheti zibebe onyo kwa wanaokunywa vinywaji vitatu au zaidi kila siku. Mtu mzima mwenye afya hatakiwi kuzidi gramu 4 kwa siku, yaani vidonge 8 vya miligramu 500. Mnywaji wa kila siku hushauriwa na madaktari wengi asizidi nusu ya hizo. Lakini ndiye huyohuyo anayeamka na kichwa kizito na kumeza Panadol tatu au nne kwa mkupuo.

Kundi linaloua haraka zaidi ni la dawa zinazoleta usingizi. Diazepamu, fenobabitoni ya kifafa, tramadoli na kodeini zote hupunguza kasi ya ubongo, ikiwemo sehemu inayoamuru mapafu yavute hewa. Pombe hufanya kazi hiyohiyo. Vikikutana, mtu anaweza kulala na kupumua kidogo kidogo hadi pumzi ikome, au akatapika akiwa hajitambui na matapishi yakaingia mapafuni. Hata Piriton, kidonge kidogo cha mafua kinachouzwa kila duka, huongeza usingizi wa pombe. Dereva wa bodaboda aliyeimeza asubuhi na kunywa bia mbili mchana hatakiwi kuonekana kwenye mteremko wa kushukia Mto wa Mbu akiwa na abiria.

Kwa mgonjwa wa kisukari anayetumia insulini au glibenklamidi, hatari huja kwa kujificha. Ini likiwa limeshughulika na pombe, hushindwa kutengeneza sukari mpya huku dawa ikiendelea kuishusha ile iliyopo. Mtu huanza kutokwa jasho, kutetemeka, kusema maneno yasiyoeleweka na kuyumba. Wenzake kilabuni wanaona amelewa, wanamlaza pembeni apumzike. Kumbe anahitaji sukari mara moja kama bado anaweza kumeza, na hospitali kama hawezi. Wanaotumia metformini nao, wakinywa sana, hujiweka kwenye hatari ya asidi ya laktiki kujaa katika damu. Na wenye presha wajue kwamba pombe na dawa kama nifedipini vikiungana huweza kumwangusha mtu anaponyanyuka kitini, huku unywaji wa muda mrefu ukiipandisha presha ileile anayoitibu.

Kuna pia brusela, homa inayoambukizwa kwa maziwa mabichi na kwa kuzalisha mifugo, ambayo wafugaji wa Karatu na Ngorongoro wanaifahamu. Tiba yake ya kawaida ni doksisaiklini pamoja na dawa nyingine, mara nyingi rifampisini, kwa wiki 6. Kwa mnywaji wa muda mrefu, ini huiondoa doksisaiklini mapema kuliko kawaida, kiwango chake mwilini kikapungua. Mgonjwa anamaliza wiki sita, na viungo vinaendelea kumuuma.

Amoksisilini, ile bahasha ya kwanza, haina mgongano wa maana na pombe. Ni vizuri kulisema hilo wazi, maana mtu akigundua kwamba onyo moja lilikuwa la bure, huyadharau na mengine.

Anayeacha dawa ili anywe

Hatari kubwa kuliko zote nilizotaja haitokani na kuchanganya. Inatokana na kuogopa kuchanganya. Mtafiti Seth Kalichman na wenzake huko Atlanta, Marekani, walionyesha kwamba watu wengi wanaoishi na virusi vya Ukimwi huruka dawa zao za ARV siku wanazokunywa kwa sababu wanaamini kwamba dawa na pombe pamoja ni sumu. Watafiti wa Afrika Kusini walikuta imani hiyohiyo. Mgonjwa huyo amelisikia onyo na kulitii kwa namna yake: pombe imeshanywewa, kwa hiyo kidonge kisubiri. Akinywa Ijumaa, Jumamosi na Jumapili, anakosa dozi tatu kila juma.

Tanzania ilianza mwaka 2019 kuwahamishia wagonjwa kwenye kidonge chenye tenofoviri, lamivudini na dolutegraviri. Kidonge hicho hakina mgongano mkubwa wa moja kwa moja na pombe. Pombe humdhuru mgonjwa kwa kumsahaulisha dozi, kumharibia lishe na kuchosha ini. Kuruka dozi ndiko kunakowapa virusi nafasi ya kuongezeka na kujenga usugu.

Wilaya ya Ngorongoro inakumbuka gharama ya kuacha dawa. Mwaka 2011 maelfu ya watu walikwenda kijiji cha Samunge, Loliondo, kunywa kikombe cha dawa ya mitishamba cha mchungaji mstaafu Ambilikile Mwasapila kwa shilingi 500. Wapo walioacha ARV wakiamini wamepona, na virusi havikuwa vimeondoka. Sikusudii kuwadharau waliokwenda. Walipewa agizo fupi, linaloeleweka, na mtu aliyezungumza nao kwa upole, na wakalifuata. Kliniki zetu zina dawa iliyo bora mno, lakini agizo lake mara nyingi halieleweki.

Kifua kikuu kinadai uangalifu zaidi, kwa kuwa hapa pombe na dawa vinagongana kweli. Isoniazidi, rifampisini na pirazinamidi zote zinaweza kuumiza ini, na mnywaji wa kila siku yuko kwenye hatari kubwa zaidi ya homa ya ini itokanayo na dawa. Isoniazidi pia huweza kudhuru mishipa ya fahamu, miguu ikawaka moto, na pombe huongeza tatizo hilo. Rifampisini hufanya mkojo uwe wa rangi ya chungwa hata kwa mtu mzima wa afya, kwa hiyo mgonjwa asitegemee mkojo kupima hali yake: aangalie macho kama yamekuwa ya njano, na aripoti kutapika au kukosa hamu ya kula. Pamoja na hayo, kukatisha dozi ya miezi sita huzaa kifua kikuu sugu kinachowaambukiza watoto nyumbani. Nchi hii inalijua somo hilo kuliko nyingi. Kazi iliyofanywa na daktari Karel Styblo na mpango wa taifa wa kifua kikuu kuanzia mwaka 1977 ndiyo iliyokuwa msingi wa utaratibu ambao dunia nzima iliufuata baadaye, wa kumsimamia mgonjwa mpaka amalize.

Kwa kifafa hesabu ni mbaya pande zote. Fenobabitoni hukaa mwilini siku kadhaa, hivyo anayeruka kidonge cha leo ili anywe bado ana dawa ya jana na ya juzi. Pombe itaikuta hukohuko. Kisha pombe ikiisha na dawa ikiwa imepungua, degedege hurudi kwa nguvu.

Kwa nini onyo halifiki

Muuzaji wa duka la dawa huwa binti au kijana. Anayenunua ni baba wa umri wa mzazi wake, ambaye amemwamkia shikamoo. Kumuuliza mzee kama huyo "unakunywa pombe?" kunasikika kama kumhukumu, kwa hiyo swali haliulizwi, au linaulizwa kwa namna inayomlazimisha kukana. Waumini wa madhehebu yanayokataza pombe hukana haraka zaidi. Mgonjwa aliyekana hana tena nafasi ya kuuliza afanye nini akinywa.

Kipimo nacho hakipo. Ushauri wa "kinywaji kimoja" unatoka kwenye nchi za chupa zenye lebo. Kopo la buura au gongo halina asilimia iliyoandikwa, na linapita kwa watu wengi. Zaidi ya hayo, kukataa kikombe mbele ya wazee kunahitaji sababu inayoheshimika. Kwa bahati njema, sababu hiyo ipo na watu huikubali: nimeandikiwa dawa. Lakini mtu hawezi kuitumia vizuri kama yeye mwenyewe hajui ni dawa ipi na ni kwa siku ngapi.

Nini kifanyike

Swali libadilike kwanza. "Shikamoo baba. Kabla sijakufungia dawa, juma hili kuna shughuli yoyote yenye pombe?" Swali hili halimtuhumu mtu. Linampa nafasi ya kusema kuna harusi Jumamosi, na muuzaji akamshauri atumie parasetamoli kwa kipimo badala ya diklofenaki, au aahirishe kikombe.

Pili, dawa zipangwe kwa mafungu mawili, na kila mgonjwa aambiwe yake iko wapi. Fungu la kwanza ni dawa za siku chache zinazogongana na pombe: diklofenaki na wenzake, tramadoli, diazepamu, Piriton, griseofulvini ingawa dozi yake huchukua wiki kadhaa, na kwa tahadhari metronidazoli. Hapa pombe ndiyo inayosubiri. Fungu la pili ni dawa za muda mrefu, na hapa kanuni ya kwanza ni kwamba dawa haiachwi. Mwenye ARV au dozi ya kifua kikuu aliyekunywa ameze kidonge chake kwa wakati, kisha aseme ukweli kliniki. Mwenye kisukari asinywe kamwe bila kula, na watu wake wajue dalili za sukari kushuka. Mwenye kifafa aliyelewa sana asijiamulie mwenyewe kumeza au kuruka, apelekwe kituoni. Na mnywaji wa kila siku anayetaka kuacha ghafla aombe msaada wa mhudumu, kwa sababu kuacha kwa ghafla nako kunaweza kuleta degedege.

Tatu, bahasha yenyewe ibebe ujumbe. Baraza la Famasi na Mamlaka ya Dawa na Vifaa Tiba wana uwezo wa kuagiza mstari mmoja wa Kiswahili uchapwe chini ya ile 1×3, wenye jina la dawa, katazo, idadi ya siku na sababu. Halmashauri ya Karatu inaweza kuanza bila kusubiri, kwa muhuri wa mpira katika vituo vyake na maduka yake.

Mzee anayeambiwa "diklofenaki hii ni ya siku tano, siku hizo usinywe, kwa sababu tumbo linaweza kuvuja damu" amepewa sababu anayoweza kuipeleka kwenye kikao na kuwaeleza wenzake. Anayeambiwa tu "usichanganye" ameachwa akisie, na kwa mwenye ARV au dozi ya kifua kikuu, kukisia vibaya kunaweza kumgharimu maisha.